Tumbo la Baraza

Mume wangu alifariki katika zamu ya mke mwenzangu. Naanza na hilo kwa sababu ndilo nililoliwaza mwanzo, hata kabla chozi halijatoka, na sitaki kujipamba.

Tulikuwa wake wawili. Mimi nakaa Bofu, upande wa Likoni. Mwenzangu alikuwa Kisauni, na kisiwa chote cha Mombasa katikati yetu. Zamu zilikuwa usiku mbili mbili. Alilala kwangu mbili, kisha akavuka feri, akapita mjini, akavuka daraja la Nyali, akalala kwake mbili. Alikuwa mwashi. Moyo wake ulisimama akiwa kazini, mbele ya ukuta aliokuwa akiupandisha kule Nyali, asubuhi baada ya kulala Kisauni. Kwa hiyo simu ya kwanza ilikwenda Kisauni. Mkoba wa zana zake ulipelekwa Kisauni. Mimi niliambiwa na shemeji yangu, kaka yake marehemu, aliyekuja akasimama mlangoni asipige hodi, nami nikajua.

Matangani watu walimsifu. "Alikuwa mtu wa haki," walisema. "Wake wawili, na hakuna aliyepunjwa hata usiku mmoja." Nilikuwa nimejifunika kanga, nikisikia. Ni kweli, usiku sikupunjwa. Kilichokuwamo ndani ya usiku wa Kisauni ndicho nilichotaka kukipima miaka yote, na sikuwa na cha kupimia.

Kabla matanga hayajaanuliwa, shemeji alirudi na maneno mengine.

"Shemeji, nina ombi zito," alisema. "Yule mwenzako nyumba yake ni ya kupanga, na mwenye nyumba anaiuza. Eda yake ataimalizia wapi?"

"Kwao hakuna?"

"Kwao Lamu, na kazi yake iko hapa. Nyumba ya marehemu ni hii."

Wanawake waliokuwa wamekaa nami waliacha kuzungumza ili wanisikie nitajibu nini. Nikasema, "Na aje." Lau tungalikuwa wawili tu, sidhani kama ningalisema hivyo.

Akaja. Alikuja na begi moja la nguo, furushi la madaftari ya wanafunzi, na tepu ya kupimia ya mume wangu, ile ya chuma, yenye saruji iliyokauka kwenye kifuniko. Aliitundika kwenye msumari wa chumba nilichompa. Nilikuwa nimeiona tepu ile kiunoni mwa mume wangu tangu sisi wawili hatuna hata kitanda. Sasa ilikuwa nyumbani kwangu, lakini kwa mkono wa mwingine, na kuiomba sikuweza.

Yeye ni mwalimu wa hisabati katika shule ya upili huko Kisauni. Ustadhi alimruhusu kutoka mchana kwa ajili ya riziki, mradi Magharibi imkute ndani. Basi kila asubuhi alijitanda, akaniambia, "Shikamoo dada, naondoka," akaenda. Mimi nilibaki na kuta. Mimi niliishia darasa la nane, na riziki yangu ni mikeka, ambayo husukiwa nyumbani. Hata eda kwake ilikuwa pana kuliko kwangu.

Nina mtoto mmoja tu, binti. Yeye hakuzaa. Hilo ndilo lililokuwa langu peke yangu, na wallahi nililishikilia. Mwanangu yuko kidato cha nne, shule ya kutwa kisiwani. Anataka uuguzi, na uuguzi hawampokei mtu aliyeanguka hisabati, naye hisabati ilikuwa ikimwangusha kila muhula. Tangu baba yake azikwe alikuwa amenyamaza. Anakula, anafua sare yake, anasoma Kurani, analala. Sikumsikia akicheka.

Siku ya kwanza alipomfuata mama yake mdogo na kitabu cha hesabu, nilikuwa nikichambua mchele. Aliuliza kitu kwa sauti ya chini. Mwenzangu alimjibu kwa sauti ya chini vilevile. Baadaye ikawa kila alasiri. Mmoja anatoka Kisauni, mwingine mjini, wanakutana uani kwangu, wanainamisha vichwa juu ya karatasi moja. Mimi nawapelekea chai. Ndiyo kazi niliyobakiwa nayo, kupeleka chai.

Inabidi nieleze baraza la uani, kwa sababu mambo yote yalitokea pale.

Mabaraza ya watu yana pembe. Langu lina tumbo. Mume wangu alipotaka kulijenga aliniuliza nalitaka vipi, nikamwambia nikikaa kusuka miaa yangu inanizunguka, pembe hazinifai kitu. Akachukua chokaa kwenye kopo, akaanza kuimwaga chini huku akirudi kinyumenyume, bila kamba wala kijiti, akachora mstari uliotoka ukutani kidogo, ukatokeza, ukatuna, kisha ukarudi karibu na ukuta upande wa pili ukiwa umechoka. "Hivi?" akauliza. Nikasema, "Hivyo hivyo." Akajenga kwa kufuata chokaa ile. Wakati huo Kisauni hakukuwa na mtu. Kuta za nyumba hii angeweza kumjengea yeyote aliyemlipa. Tumbo lile alinijengea mimi.

Basi siku moja natoka jikoni namkuta mwenzangu amepiga magoti juu ya baraza langu, ana chaki mkononi, na mwanangu ameshika ncha ya tepu.

"Mwafanya nini?" nikauliza.

"Tunatafuta eneo la baraza, mama," akasema mwanangu. "Kitabuni kuna mkunjo, mstari uliopinda, unatakiwa useme eneo lililo chini yake. Sikuwa naelewa. Mama mdogo akasema mbona mkunjo tunao nyumbani."

"Eneo si urefu mara upana?" Hilo nililikumbuka kutoka shuleni.

"Ndiyo, dada, kama lina pembe," akasema mwenzangu. "Hili halina. Wala si duara. Lingekuwa duara tungekuwa na njia yake. Hili limepinda alivyotaka aliyelipinda."

"Baba huyo," akasema mwanangu.

Mwenzangu akaendelea kupima, na mimi nikarudi jikoni, lakini nikakaa karibu na mlango. Nitaeleza nilivyosikia, na kama nimekosea ni kosa langu, si la mwalimu.

Ukuta wa nyumba umenyooka. Waliugawa kwa alama, futi mbili mbili, zote upana mmoja. Katika kila alama wakapima kutoka ukutani kwenda mbele hadi pale baraza linapoishia, wakachora mstari wa chaki. Mistari ya pembeni ikawa mifupi, ya katikati mirefu. Halafu wakaunganisha ncha za mistari ile, ncha hii na ya jirani yake, kwa mstari ulionyooka. Baraza likawa limekatwa vipande kama muhogo, na kila kipande kina pande nne, mbili zinatazamana bila kukutana, na kichwa kimelala mshazari.

"Linaitwa trapeziamu," mwenzangu akasema. "Ulishaona karai la zege ukilitazama kwa ubavu? Juu pana, chini pembamba. Ndiyo hiyo, ila imelazwa."

"Baba alikuwa nalo," akasema mwanangu.

"Haya. Upande huu ni futi tatu, ule futi nne. Ukichukua tatu utapunja, ukichukua nne utazidisha. Kwa hiyo?"

"Tatu na nusu."

"Mara upana?"

"Mara mbili. Saba."

"Futi saba za mraba. Umemaliza kipande kimoja. Fanya hivyo kwa vyote, ujumlishe."

Mwanangu akafanya, polepole, akinung'unika kama bibi. Mwenzangu akamwambia kuna njia fupi: jumlisha mistari yote kwa pamoja, wa kwanza na wa mwisho uhesabu mara moja, ya katikati yote mara mbili, kisha zidisha kwa nusu ya upana.

Nikatoka na mwiko mkononi. "Kwa nini wa kwanza uhesabiwe mara moja?"

Waligeuka wakaniangalia. Sina hakika hata mimi nilikuwa nauliza juu ya mstari.

"Kwa sababu wa kwanza una jirani upande mmoja tu, dada," akajibu mwenzangu. Hakucheka. "Upande wa pili ni hewa. Wa katikati unatumika na kipande cha kulia na cha kushoto, kwa hiyo unaingia kwenye hesabu ya vyote viwili."

"Na wa mwisho?"

"Wa mwisho ni kama wa kwanza. Mara moja."

"Hapo ni haki," nikasema, nikarudi kwenye mchuzi wangu.

Nyuma yangu mwanangu akacheka. Alijaribu kukizuia kicheko kwa mkono, kikatokea puani. Kilikuwa kicheko chake cha kwanza tangu msiba, na hata kama ni maneno yangu yaliyomchekesha, nilikiandika kwa jina la mwenzangu. Miezi mizima nilimpikia, nilimsukia nywele, nilimwombea. Akaja huyu na chaki.

Kisha nikasikia yaliyonikalia kooni mpaka mwisho wa eda. Mwanangu alisema, kwa sauti aliyodhani haifiki jikoni, "Mama mdogo, ukirudi Kisauni nataka nije nikae kwako mpaka mtihani. Kutoka kwako nitapita daraja tu, sitangoja feri. Sijui nitamwambiaje mama."

"Mwambie kama unavyoniambia mimi."

"Wewe mwambie."

"Mimi simwombi mama yako kitu," akasema mwenzangu. "Nimeshachukua vya kutosha."

Niligeuza samaki ambaye alikuwa bado hajaiva upande wa chini. Mume alikuwa ameondoka akiwa katika zamu yake. Sasa mwenzangu alikuwa akipewa mtoto pia, na mtoto mwenyewe ndiye aliyekuwa akijitoa.

Nilingoja niambiwe, na mwanangu naye hakusema, na hivyo tukaishi wiki baada ya wiki, mimi nikiwa na habari ambayo hawakujua ninayo.

Katika kungoja huko nilikuwa nikisuka mkeka. Eda ikiisha tungesoma hitima, na wanawake wa mtaa wangekaa uani, nikataka baraza langu liwe na mkeka wake, unaolienea lote. Mikeka yote niliyowahi kutandika pale ilikuwa ya pembe nne, tumbo likibaki tupu. Mkeka huanza na ukili, utepe mrefu wa miaa iliyosukwa, halafu unashona utepe kwa utepe hadi upana unaoutaka. Ukili nilikuwa nao mwingi, kwa kuwa mjane hana safari.

Chaki yao bado ilikuwa juu ya saruji. Mwanangu alikuwa akiipitia upya kila ilipofifia, ili azoee. Asubuhi moja wote wawili wameondoka, nikaitazama. Nikajiambia, nami nitafanya kwa elimu yao. Nikashona vipande, kila kipande upana wa futi mbili, nikakilaza juu ya alama, nikakata kichwa chake kwa kufuata mstari wa chaki. Niliichukulia mistari ile kama chaki ya fundi wa cherehani juu ya kitambaa: ukishachorewa, kazi yako ni mkasi. Nikapinda ncha zisifumuke, nikaunganisha vipande vyote, nikatia uzi wa rangi kandokando. Nilikuwa naukunja na kuuficha kila alasiri ilipokaribia, kwa kuwa nilitaka waukute umekwisha. Nilitaka mwanangu aone kwamba na mimi najua.

Siku niliyoumaliza niliutandika peke yangu. Ukutani ulikaa sawasawa. Mwanzo wa baraza sawasawa. Mbele, pale penye tumbo, kila kipande kilikuwa kimepungua. Katikati ya kila alama na jirani yake palibaki kipande cha saruji wazi, mfano wa mwezi mchanga. Kwenye alama zenyewe mkeka uligusa ukingo. Baina ya alama ulishindwa kufika.

Nilikaa chini nikaitazama ile miezi, na sikuhuzunika. Nilifurahi. Ilikuwa furaha mbaya, lakini ilikuwa furaha. Nilisema moyoni, kumbe elimu yake haifiki. Kumbe amemfundisha mwanangu kitu pungufu. Nikaacha mkeka pale pale, nikawangoja.

Siku hiyo mwenzangu alitangulia kurudi. Alipoingia uani sikumpa hata nafasi ya kuvua viatu.

"Mwalimu, njoo utazame. Hesabu yako imenipunja."

Alikuja, akauzunguka mkeka kwa nje, akachuchumaa mbele ya tumbo. Akapitisha kidole kwenye mwezi mmoja, kisha wa pili. Nilikuwa nangoja aone haya.

"Umeshona hivi vyote peke yako?"

"Na nani tena?"

"Dada, ningejua ningekwambia. Njia hii siku zote hupungua pale mkunjo unapotokeza nje. Mstari ulionyooka unapita chini ya tumbo, hauwezi kulifuata. Mwanao nilimwambia siku ile ile. Ndiyo maana twasema ni makadirio." Akaonyesha pale baraza linaporudi ukutani upande wa pili, ambapo mume wangu alibonyeza kidogo kwa ndani. "Na hapa mkeka wako umezidi. Waona? Umetoka nje ya ukingo. Mkunjo ukiingia ndani, mstari unachukua ambacho si chake."

Kweli, mkeka ulikuwa umening'inia pale. Sikuwa nimetazama upande huo. Nilikuwa natazama ulipopungua tu.

"Sasa hesabu ya kazi gani, kama haifiki?"

"Ukiongeza mistari unakaribia. Ukipima kila futi badala ya futi mbili, miezi hii itakuwa myembamba. Ukipima kila inchi, hutaiona. Lakini mwenye mistari miwili tu, mwanzo na mwisho, atakosa sana."

Alikuwa anazungumza kama mwalimu, hakuna alichokusudia zaidi. Lakini mimi nilikaa juu ya mkeka wangu. Miaka yote ile, mistari yangu ilikuwa miwili. Nilimwona anavyoondoka kwenda Kisauni, amenyoa, amevaa shati safi. Nilimwona anavyorudi. Katikati sikuwa na kipimo. Mstari wa katikati niliuchora mwenyewe, na sikuuchora chini ya tumbo. Niliuchora juu, juu kabisa.

Nikamuuliza neno nililolibeba tangu siku alipoolewa.

"Kule kwako alikuwa akicheka?"

Hakujifanya hakuelewa. Alikaa kwenye ukingo wa baraza, nje ya mkeka, viatu bado miguuni.

"Alikuwa akilala," akasema. "Alifika jioni amejaa vumbi la mawe, akaoga, akala, na kabla sijatoa sahani yuko usingizini. Asubuhi chai, akatoka. Siku nyingine alinirekebishia bomba. Nilikuwa nasema, huyu anacheka Bofu. Huku kwangu anakuja kupumzika kicheko."

"Hapa pia alilala."

"Wallahi?"

"Akila alilala. Mdomo wazi. Mwanangu alikuwa akimfunika."

Akapapasa ukingo wa saruji. "Na hili baraza je? Alikuwa akilitaja. Ameezeka hiki, amepiga lipu kile, ila tumbo la baraza la Bofu hakuna fundi atakayelirudia. Kwangu hakuweka hata jiwe, dada. Nyumba ya watu utajenga nini? Siku ya kwanza kuingia hapa nililitazama nikataka kulipiga nyundo."

"Ukalipiga chaki."

"Nikalipiga chaki," akasema, na hapo ndipo tulipocheka, kidogo, kama watu wanaochokonoa jino linalouma.

Singependa mtu adhani tulikumbatiana. Nilipoinuka kwenda kutia maji birikani nilikuwa bado namwonea wivu, kwa usiku ule wa mwisho, kwa bomba, hata kwa huo usingizi. Usingizi wake nao niliutaka wote. Lakini nilikuwa nimepata kipimo kimoja cha katikati, na hakikuwa kirefu nilivyokichora.

Eda zilikwisha pamoja, kwa kuwa zilianza siku moja. Hitima ikasomwa. Wanawake walijaa uani, na mkeka niliutandika ulivyo, sikuushona viraka. Jirani yangu, ambaye hana dogo, akauinua ukingo wake.

"Mama, mkeka huu una meno. Umeuma nani?"

"Bado hajapatikana," nikamjibu. "Kaa mbali."

Walicheka. Mwenzangu alikuwa akigawa kahawa upande wa pili, akacheka naye, na mwanangu aliyeshika sinia nyuma yake akatuangalia mmoja mmoja, kama mtu anayetazama mbingu kabla ya kuanika nguo.

Walipoondoka watu, mwenzangu akakusanya vitu vyake. Alikuwa amepata vyumba viwili Kisauni, karibu na shule. Mwanangu akaja akasimama mbele yangu, akivuta kucha zake.

"Mama."

"Sema."

"Nataka..."

"Najua. Nimejua tangu siku ya chaki. Mlango wa jikoni kwangu haufungwi, umesahau?"

Alianza kulia. "Basi siendi. Nitabaki."

Hapo nilikuwa nimeshinda. Ningenyamaza tu, angebaki, na angefanya mtihani wake na kuanguka akiwa karibu yangu. Nililitafakari hilo, sitaficha, na kwa muda lilinipendeza. Kisha nikamwona amekaa mkabala na kitabu, mezani kwangu, namna alivyokuwa kabla ya chaki, ananyamaza.

"Utalala usiku mbili kule, mbili hapa," nikasema.

Aliinua uso. "Kama baba?"

"Kama baba yako. Hesabu nyingine siijui."

Mwenzangu alikuwa mlangoni na begi lake. "Na mimi siulizwi?"

"Wewe wataka ngapi?"

"Zote," akasema, wala hakutabasamu.

"Na mimi nazitaka zote. Kwa hiyo ni mbili mbili."

Akatikisa kichwa kukubali. Kisha akaitoa tepu ya marehemu kwenye begi, akaninyooshea. Nikaishika. Nikakwangua saruji kidogo kwa ukucha, nikamrudishia.

"Nenda nayo," nikasema. "Mimi nina baraza."

Nilijuta kabla hawajafika feri.

Zile usiku mbili za kwanza zilikuwa ndefu. Nilisuka ukili ambao sikuwa na mkeka wa kuutia. Niliwasikia wakicheka Kisauni, kutoka Bofu, niliwasikia wazi kabisa. Niliwaona wamekaa juu ya kitanda, wanakula viazi karai, mwanangu anamwambia mambo asiyoniambia mimi. Nilijua kwamba nachora. Nilichora hivyo hivyo.

Siku ya tatu, baada ya alasiri, mwanangu akapiga hodi kama mgeni, kisha akakumbuka ni kwao, akaingia. Alikuwa na begi la shule na mfuko wa nguo. Aliniamkia, akaoga, akala wali na samaki bila kunena sana, akatoka uani, akajilaza kwenye mkeka na kitabu kifuani.

"Kule mlifanya nini?" nikamuuliza kutoka mlangoni. Nilikuwa nimejiapiza nisiulize.

"Hesabu, mama."

"Na nini tena?"

"Tulilala." Akapiga mwayo. "Mama mdogo anakoroma, wewe. Kama feri."

"Na kabla ya kulala?"

Alikuwa ameshalala, mdomo wazi, mkono mmoja umetoka nje ya mkeka hadi juu ya saruji. Nilikwenda nikatoa kitabu kifuani mwake, nikamfunika kanga. Mahali pangu pa kusukia, penye mwanga mzuri, alikuwa amepalalia yeye. Nikazunguka na miaa yangu, nikakaa mbele kule kwenye tumbo, juu ya saruji tupu ambapo mkeka haukufika, ili apate nafasi ya kunyoosha miguu.